Mlango wa tembe na daftari la risiti

Mlango wa tembe, ile nyumba ya udongo tuliyoijenga kwa ajili ya filamu, ulikuwa mpya kabisa. Fundi seremala wa Kizota alikaa nao siku mbili, akaupiga msasa mpaka ukateleza, akatuletea kwenye guta huku uso wake umejaa fahari. Nikamlipa, nikaulaza juu ya matofali manne, nikaanza kuuchakaza. Nilitangulia na masizi ya chungu niliyoyachanganya na mafuta ya taa, nikafuatisha majivu, kisha udongo mwekundu uliolowa, nikisugua kwa kipande cha gunia. Fundi alisimama pale akinitazama kama mtu anayeona noti zinachomwa moto.

"Dada, si ungesema tu nikuletee mbao chakavu?"

Mbao chakavu tulizitafuta wiki nzima. Zilizokuwa nzima zilikuwa fupi, zilizokuwa ndefu zilishaliwa na mchwa, na mlango wetu ulitakiwa ufunguliwe na kufungwa mara arobaini au hamsini bila kung'oka. Tulihitaji mlango wenye nguvu za leo na sura ya miaka thelathini.

Nilipomaliza niliona nimeweza. Karibu na komeo niliweka weusi wa viganja, pale ambapo mikono ya familia nzima ingekuwa imegusa miaka nenda miaka rudi. Bibi mwenye kiwanja tulichojengea akapita, akasimama, akauliza: "Mjukuu wangu, mlango huu anausukuma nani?"

"Mama wa nyumba, bibi."

"Basi huyo mama ana debe la maji kichwani na mtoto mgongoni. Mkono mmoja umeshika debe, mwingine umebeba kuni. Hausukumi kwa mkono. Anausukuma kwa mguu, hapa." Akanyanyua kanga kidogo, akagusa ubao wa chini kwa unyayo wake.

Nikaosha weusi wa juu, nikauhamishia chini, nikaubambua ubao ule kidogo kwa patasi uonekane umeliwa na visigino. Kwenye filamu mlango huo unaonekana kwa sekunde zisizozidi sita.

Ndani ya sekunde hizo sita mna maswali mawili: mlango unaonekanaje, na umegharimu nini. La kwanza ni la idara ya ubunifu, la pili ni la idara ya uzalishaji. Vijana wengi wanaonifuata hapa Dodoma wakitaka kuingia kwenye filamu huyaona kama maswali ya watu wawili wasiojuana: msanii mwenye brashi upande huu, mwenye kikokotoo upande ule. Nimefanya kazi pande zote mbili, na ninachotaka kueleza hapa ni kwamba swali ni moja. Anayelijua hivyo ana kazi ya maisha, hata kama uso wake hauonekani kwenye bango lolote.

Tuanze na majina, maana mkanganyiko mwingi unaanzia hapo. Ukisema prodyuza mtaani Chang'ombe, mtu atamfikiria yule wa studio ya muziki anayetengeneza biti. Redioni, mtayarishaji ni mwenye kipindi. Kwenye filamu, mtayarishaji ni anayeibeba kazi tangu ikiwa wazo mpaka imfikie mtazamaji: anatafuta fedha, anapata haki ya hadithi, anamweka mwongozaji, na deni likibaki ni lake. Chini yake yupo mtayarishaji msimamizi, anayeigeuza bajeti kuwa siku na watu. Yupo meneja wa uzalishaji, ambaye gari, chakula, jenereta na vibali visipofika lawama ni zake. Wapo mratibu, mhasibu, meneja wa lokesheni, yaani mahali pa kupigia picha. Yupo pia mwongozaji msaidizi wa kwanza, mwenye jina linalopotosha kuliko yote, kwa sababu kazi yake kubwa ni kushika saa: nani anahitajika wapi, dakika ngapi zimebaki, tunahama lini.

Upande wa pili, neno "mbunifu" kwetu limezoeleka kwa mshonaji wa mitindo au mchora mabango. Kwenye filamu, mbunifu mkuu wa mandhari ndiye mwenye neno la mwisho, akishauriana na mwongozaji na mpiga picha, juu ya kila kinachoonekana kando na nyuma ya mwigizaji: ukuta, rangi, udongo wa uani, aina ya kikombe. Msimamizi wa sanaa anageuza mawazo hayo kuwa michoro na ujenzi. Mpambaji wa seti anajaza nyumba vitu. Mtu wa propsi anashughulikia vile tu vinavyoshikwa. Mpaka kati ya hawa wawili wa mwisho ni mdogo lakini una uzito wake: kibatari kilichotundikwa ukutani ni pambo, ila mwigizaji akikichukua na kukiwasha, kimehamia kwa mtu wa propsi, na ndiye atakayeulizwa utambi ulikuwa na urefu gani kwenye picha iliyotangulia. Maleba, yaani mavazi ya waigizaji, na vipodozi ni idara zinazojitegemea, lakini hukaa meza moja na mbunifu, maana rangi ya kitenge ikifanana na ya ukuta mwigizaji anamezwa.

Cheo hiki cha mbunifu mkuu kina umri wake. Wamarekani walikuwa na wasimamizi wa sanaa tangu enzi za filamu zisizo na sauti, na tuzo za kwanza za Oscar, mwaka 1929, zilimpa mmoja wao, William Cameron Menzies, tuzo ya fani hiyo. Miaka kumi baadaye mtayarishaji David O. Selznick alikuwa na filamu kubwa ya rangi, Gone with the Wind, iliyobadilisha waongozaji njiani. Aliyeishikilia isisambaratike kwa sura alikuwa Menzies, aliyechora matukio yake picha kwa picha kabla kamera haijawashwa. Selznick akaona jina la zamani halimtoshi, akampa jipya, na jina hilo ndilo wabunifu wakuu wanalobeba mpaka leo. Ninapenda kuikumbuka habari hii kwa sababu moja: aliyekitambua cheo cha ubunifu alikuwa mtu wa fedha. Michoro ile ilimwonyesha mapema kipi kijengwe na kipi kisijengwe.

Sasa tuingie jikoni, kwenye muswada, yaani maandishi ya filamu.

Muswada ukishakubaliwa, idara zote huusoma upya zikiwa na kalamu za rangi. Kazi hii ni ya kuchambua: kila sini, kama tunavyoliita onyesho moja kwenye seti, inavuliwa vitu vyake kimoja kimoja. Kanuni ya zamani ni kwamba ukurasa mmoja ni kama dakika moja ya filamu. Kila ukurasa hugawanywa sehemu nane, na ratiba huhesabiwa kwa sehemu hizo. Filamu ndefu ya kawaida hupiga kurasa 2 hadi 5 kwa siku. Tamthilia za runinga hupiga zaidi ya hapo.

Hadithi yetu fupi ilitokea mwaka 1973, mwaka ambao TANU iliamua makao makuu ya nchi yahamie Dodoma, katika kijiji kimoja cha Chamwino. Sini ya 14 ilikuwa na mistari mitatu tu, ndani ya tembe, usiku: mama anawasha kibatari, anahesabu fedha, anazificha chini ya mkeka. Sehemu mbili kati ya nane za ukurasa. Robo dakika.

Aliyesoma kwa kalamu ya uzalishaji aliona usiku, maana yake ama jenereta na posho ya kukesha, ama kuziba matundu yote kwa turubai na kuupiga usiku huo mchana kweupe. Aliona mwigizaji mmoja, kwa hiyo siku rahisi. Akaendelea.

Mimi niliyesoma kwa kalamu ya ubunifu niliona moto wa kweli ndani ya nyumba ya fito na miti, kwa hiyo ndoo mbili za mchanga na mtu wa kusimama nazo. Niliona mkeka, nao ni lazima uwe wa kusukwa kwa mkono, si hizi za plastiki. Halafu nikaona neno "fedha" na kalamu ikasimama. Fedha gani? Mwaka 1973 noti zilizokuwa mkononi ni zile zilizoanza kutolewa mwaka 1966, za shilingi 5, 10, 20 na 100, zenye picha ya Mwalimu Nyerere akiwa bado kijana. Noti ya leo ya shilingi 1,000 nayo ina Mwalimu, na kijana mmoja wa timu alisema kwa mwanga wa kibatari nani atajua. Atajua kila mzee aliyewahi kuishika ile nyingine, na wazee ndio hasa tuliokuwa tunawasimulia. Kuzichapa za bandia si jambo la kufanya kienyeji, kwa kuwa kunakili noti ni jambo la sheria hata kama lengo ni sanaa. Mwisho mzee mmoja alituazima noti nne halisi alizokuwa amezihifadhi ndani ya Biblia. Tukaziweka juu ya karatasi tupu zilizokatwa kwa kipimo hicho hicho, na meneja wa uzalishaji akaandika hati ya kuzipokea na kuzirudisha kana kwamba ameazimwa gari.

Hapo umeiona kazi nzima kwa udogo wake. Swali la ubunifu, noti ipi, lilizaa swali la uzalishaji, nani anawajibika nayo, na jibu likarudi kwenye ubunifu: mpiga picha akae upande gani ili karatasi tupu zisionekane.

Tembe lenyewe lilitufunza somo kubwa zaidi. Nyumba ya asili ya Wagogo ina paa bapa la udongo lililolala juu ya miti, kuta za fito na udongo, na giza la kupendeza ndani. Operesheni Dodoma ilipoanza mwaka 1971 watu walihamishiwa kwenye vijiji vya pamoja, na baadaye mabati yakatawala, lakini matembe hayajaisha. Tulipata moja zuri, na mwenyewe alikubali tulitumie kwa malipo madogo. Mtayarishaji alifurahi: kupanga ni nafuu kuliko kujenga.

Nikaenda na futi yangu. Kutoka ukuta hadi ukuta hapakuwa na nafasi ya kamera kurudi nyuma na kumwona mtu mzima aliyesimama. Mlango mmoja, tundu moja la hewa. Kila mara kamera ikigeuka, taa zingetolewa nje na kuingizwa upya kupitia mlango huo huo huku watu wakipishana kwa mbavu. Mwongozaji msaidizi alipoipanga ratiba kwa hali hiyo, sini za ndani zilikula siku sita. Tukichora seti ya kujenga, yenye ukuta mmoja unaoondoka na nusu ya paa iliyofunikwa kwa turubai badala ya udongo, sini zile zile zilikaa ndani ya siku tatu. Na siku moja ya kupiga picha si kitu kidogo: kamera na lenzi zimekodiwa Dar es Salaam na zinahesabiwa kwa siku, watu kumi na sita wanakula mara tatu, gari linakunywa dizeli. Ujenzi wote, miti, fito, vibarua na mlango wa fundi wa Kizota, ulikuwa sawa na gharama ya siku moja na nusu. Tukajenga. Aliyesema "nyumba ya bure ni ghali" alikuwa mbunifu, na aliyeelewa mara moja alikuwa mtayarishaji aliyewahi kubeba propsi ujanani.

Jua la Dodoma nalo ni mjumbe wa kamati. Tuko nyuzi 6 kusini mwa ikweta, na mchana jua linakaa utosini. Kuanzia saa nne hadi saa tisa macho ya mwigizaji yanageuka mashimo meusi, na udongo mwekundu unapauka mpaka unakuwa kama unga. Nuru nzuri ni ile ya baada tu ya macheo na ile ya kabla ya machweo, nayo huku kwetu haidumu, kwa sababu jua linashuka wima na giza linaingia haraka. Ndiyo maana ratiba zetu huanza saa kumi na moja alfajiri kwa chai ya rangi na mihogo, nje mpaka saa tatu, ndani ya seti mchana kutwa, kisha nje tena saa kumi. Mbunifu asiyejua hili ataipaka seti ya nje rangi iliyopendeza ofisini na kuikuta imekufa saa sita. Meneja asiyejua hili atawaita waigizaji wote saa mbili na kuwalipa wakae kivulini.

Lakini kilichotutesa kweli hakikuwa jua. Kilikuwa majani.

Mikoa ya kati ina msimu mmoja wa mvua, takriban Desemba hadi Aprili; wataalamu wa hali ya hewa huziita mvua za msimu. Baada ya hapo nchi inakauka. Mibuyu inavua majani yake yote na kubaki imenyoosha mikono mitupu juu. Hadithi yetu ilikuwa ya ukame, kwa hiyo tulipanga kupiga Oktoba. Mfadhili alichelewesha fedha. Wiki ya kwanza tulivumilia, ya tatu tukaanza kupiga simu, na zilipoingia tulikuwa katikati ya Novemba. Nilisema tusubiri mpaka Juni. Nilishindwa kwa hoja za haki: mikataba ya waigizaji, nyumba tuliyokwisha kujenga kwa udongo, na mwigizaji mkuu aliyekuwa mjamzito wa miezi mitatu. Tukaanza mwisho wa mwezi, tukiangalia mawingu kila jioni.

Siku ya tano ikanyesha. Ilikuwa mvua ya maana, ya saa nzima, na kijiji kizima kilicheka kwa furaha isipokuwa sisi. Wiki iliyofuata kulikuwa na ukungu wa kijani juu ya kila kitu. Mbuyu uliokuwa nyuma ya nyumba, ambao tayari ulikuwa umeonekana ukiwa mtupu kwenye sini tatu, ulianza kutoa vijani vyake vya mkono wenye vidole vitano. Ukitazama kwa macho ni uzuri mtupu. Kwenye filamu ni uongo, kwa sababu mama anatoka nyumbani asubuhi ya kiangazi na kufika kisimani dakika moja baadaye kwenye masika.

Zilikuwa zimebaki sini nne za nje za ukame. Usiku ule tulikaa watu wanne kwenye mkeka: mwongozaji, mtayarishaji, mpiga picha na mimi. Nilikuwa na daftari mbili mapajani, la michoro na la matumizi, na nakumbuka nilikuwa nalifungua hili na lile bila kujua nimeshika lipi. Kusubiri hakukuwezekana. Kuhamia mahali pakavu zaidi kulimaanisha magari mawili na siku mbili tupu. Basi swali likabaki: hapa tulipo, ni ardhi ipi haioti majani hata inyeshe?

Jibu lilikuwa zizini. Ardhi ya zizi imekanyagwa na ng'ombe miaka mingi, samadi iliyokauka imeifunika, hakuna jani linalothubutu. Na uani, mbele ya mlango wa bibi, pafagiwapo kila alfajiri. Tukazihamishia sini mbili zizini, moja uani na kamera ikiwa imeinuliwa juu ili ione chini tu, na ile ya nne mwongozaji akaiandika upya: ianze na tone la kwanza la mvua kuangukia vumbini. Gharama ya ziada ilikuwa tripu moja ya mchanga na siku mbili za kungoja zizi likauke. Watu walioiona filamu wamenisifia sana ile sini ya zizini kwa jinsi ng'ombe waliokonda wanavyomzunguka mama akiwa peke yake. Ni sini nzuri kweli. Ilizaliwa na fedha zilizochelewa, na ilipatikana kwa sababu aliyekuwa anajua sura ya ardhi alikuwa anajua pia kilichobaki kwenye akaunti.

Kuhusu fedha zenyewe, mambo machache yanatosha kumfungua macho mtu wa brashi. Bajeti ya filamu ina mstari. Juu yake wamo wenye hadithi, mtayarishaji, mwongozaji na waigizaji wakuu, ambao malipo yao hukubaliwa mapema. Chini yake wamo wengine wote, pamoja na idara ya sanaa. Fedha zikipungua, panga hupita chini ya mstari, na kwa bahati mbaya sanaa hukatwa mapema kwa kuwa ukuta haulalamiki. Ndiyo maana mbunifu anapaswa kukaa mezani bajeti inapoandikwa, wala asije kuletewa namba iliyokwisha kukauka. Halafu kuna fungu la dharura, ambalo kwa desturi ni asilimia 10. Usikubali liwekwe ndani ya fungu la mtu mwingine. Mvua ya Novemba ililipiwa humo.

Na kuna risiti. Mhasibu anataka risiti ya EFD, ile inayotoka kwenye mashine ya kodi, na ana haki. Lakini vibuyu, vigoda, mikeka na kengele za ng'ombe ninavinunua mnadani Msalato au mlangoni kwa mtu, na mama anayeuza vibuyu hana mashine. Kwa hiyo nina daftari: tarehe, kitu, bei, jina la aliyeuza, sahihi au dole gumba, na picha ya kitu hicho kwenye simu. Maleba ya miaka ya 1970 nimeyapata zaidi kwenye mitumba ya Sabasaba, nikizigeuza kola na kuzipikia kwenye chai kali zipoteze ung'avu, na kila shati lina mstari wake daftarini. Mtu wa ubunifu anayerudisha hesabu iliyonyooka anaaminiwa haraka kuliko mwenye kipaji peke yake. Nimeshuhudia wenye vipaji kunizidi wakiachwa kwa sababu ya bahasha ya risiti zilizolowa.

Vibali navitaja kwa kifupi, lakini visikosekane. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Na. 4 ya mwaka 1976, inataka kibali kabla ya kupiga, na Bodi ya Filamu ndiyo mlango wa kubisha. Chini huko kuna mtendaji wa kijiji au mtaa, na ndege zisizo na rubani zina mamlaka yake. Dodoma ni mji wa serikali: kamera ikielekezwa kwenye jengo nyeti bila barua, siku imekwisha.

Je, inawezekana mtu kuvuka kutoka brashi kwenda kwenye daftari na kuwa mkubwa? Imefanyika mara nyingi. Alfred Hitchcock aliingia studio ya London akichora kadi za maandishi ya filamu zisizo na sauti, akawa msimamizi wa sanaa kabla hajawa mwongozaji. Ridley Scott alianza BBC akibuni seti. Ila mfano ninaoupenda ni wa Polly Platt, mbunifu wa Marekani aliyetengeneza mandhari ya filamu za miaka ya 1970 zilizosifiwa kwa kuonekana kana kwamba hakuna aliyezitengeneza. Alikuwa mwanamke wa kwanza kupokewa kwenye chama cha wasimamizi wa sanaa wa Hollywood, akapendekezwa kwa Oscar kwa ubunifu wa filamu ya mwaka 1983, kisha akageukia utayarishaji na kuwa mtu ambaye waongozaji chipukizi walimkimbilia. Catherine Martin wa Australia hakuvuka kabisa. Amekaa kote kwa pamoja, mbunifu wa maleba na mandhari mwenye Oscar nne, na mtayarishaji wa baadhi ya filamu alizozibuni.

Kwao kuna ngazi rasmi. Ipo hata nafasi ya katikati iliyotengwa, mratibu wa idara ya sanaa, ambaye kazi yake ni kuzungumza lugha zote mbili: anajua seti ya Alhamisi inahitaji plaiwudi ngapi na anajua hundi itasainiwa lini. Kwetu nafasi hiyo mara nyingi haina jina, na anayeifanya hulipwa kama mtu anayetumwa dukani. Nilipoanza, nilifanya propsi, maleba, ununuzi na hesabu kwa siku kumi na nane kwenye kazi ya kampuni moja, na filamu ilipotoka nilikaa mpaka herufi za mwisho zikapita. Jina langu halikuwemo. Iliniuma, na bado inaniuma ninapoandika haya. Tangu siku hiyo mkataba wangu una mstari unaotaja cheo changu neno kwa neno kama kitakavyoandikwa kwenye skrini, na kama kazi ni mbili, vyeo ni viwili.

Filamu nyingi za nchi hii bado zinatengenezwa Dar es Salaam, na sitamdanganya mtu kwamba Dodoma ina foleni ya ajira za filamu. Ila kazi zipo: makala za wizara na mashirika, matangazo ya afya na kilimo, video za kwaya, tamthilia fupi za vijana wa vyuo. Timu ni za watu watano, sita. Katika timu ya namna hiyo hakuna anayeweza kuwa mbunifu tu. Na tangu treni ya SGR ianze kufika hapa mwaka 2024, kamera inayokodiwa Dar asubuhi inaweza kuwa kazini Dodoma alasiri hiyo hiyo. Siku ya safari iliyokuwa inaliwa na barabara imerudi kwenye bajeti. Watengenezaji wetu nao wameanza kurudi kwenye hadithi za zamani. Vuta N'kuvute, iliyoonyeshwa mara ya kwanza mwaka 2021, ilirudi Zanzibar ya miaka ya 1950, na filamu kama hiyo haiwezekani bila mtu aliyekaa na kuuliza vikombe vya wakati ule vilikuwaje. Siku hadithi za bara zitakapotafutwa kwa bidii hiyo, kituo cha reli kilichofikiwa na Wajerumani mwaka 1910, mashamba ya Kongwa ya mradi wa karanga wa Waingereza, ngoma ya muheme ya kina mama wa Kigogo, vyote vinahitaji mtu anayejua vinaonekanaje na anayejua kuvifikisha kwenye seti saa kumi na moja alfajiri.

Kijana akiniuliza aanzie wapi, simpeleki kwenye kamera. Nampa muswada wa kurasa tano na kalamu mbili. Achambue kwa moja kila kinachoonekana, kwa nyingine kila kinacholipiwa, kisha aende sokoni akaulize bei halisi. Wengi hurudi baada ya siku mbili wakiwa wamegundua wenyewe kwamba sini moja inaweza kuhamishwa kutoka usiku kwenda alfajiri bila hadithi kudhurika. Hapo ndipo ninapoanza kuwafundisha.

Tulipomaliza kupiga, seti ilibomolewa na miti ikauzwa. Ukabaki mlango. Mlango ni mali ya filamu, na mali hufungwa kwenye hesabu: ama iuzwe, ama itunzwe, ama itolewe kwa maandishi. Bibi aliutaka kwa ajili ya jiko lake. Niliandika daftarini: "Mlango 1, umekabidhiwa mwenye kiwanja, badala ya malipo ya siku mbili za nyongeza." Akaweka dole gumba, mtayarishaji akasaini, ukurasa ukafungwa.

Mwaka huu nilipita kumsalimia. "Mbukwa, bibi," nikamwita kutoka uani, na yeye akatoka jikoni akiwa na sufuria mikono yote miwili, akausukuma mlango kwa mguu. Niliinama nikauangalia. Weusi wangu wa masizi ulikuwa umeanza kufifia. Juu yake kidogo, kama upana wa vidole vitatu, palikuwa na alama nyingine, inayong'aa, iliyopakwa na kisigino chake.